Jina Lililochorwa kwa Nota

Nota moja ilikuwa imezidi.

Kinasih aliifunga kazi yake Jumatatu jioni ikiwa na nota milioni nane, laki mbili, elfu kumi na nne na sita. Aliikumbuka idadi hiyo kwa sababu aliiandika kwa kalamu nyuma ya kalenda ya duka la mbolea, kama alivyozoea. Jumanne asubuhi, kabla hata hajapiga mswaki, aliwasha kompyuta, na idadi ikasoma saba mwishoni. Si sita.

Mtu mwingine angepuuza, maana nota moja ndani ya milioni nane ni nini? Lakini watu wa muziki mweusi si watu wengine. Hawa huchukua wimbo wa kawaida, wakaujaza nota za kompyuta juu ya nota mpaka ukiuchapisha unapata karatasi nyeusi tii, na hajazaliwa binadamu mwenye vidole vya kuupiga. Wanazihesabu nota zao kama bibi anavyohesabu vifaranga. Idadi huandikwa hadharani kwenye kichwa cha kazi pamoja na majina ya wote walioitengeneza, na anayedanganya katika hayo mawili hasemeshwi tena.

"Mas Jat," Kinasih akamwita mumewe, "umeigusa kazi yangu?"

Jatmiko alikuwa mlangoni akivaa viatu vya kiwandani. "Mimi nani niguse kazi ya bingwa, Dik?"

Alisema akicheka. Kinasih naye akacheka, akamkabidhi kopo lake la wali na tempe za soya, akarudi kwenye kiti. Ninalisema hili mapema ili mtu asije akamwita mjinga: alimpenda mumewe, akamwamini, na hakufanya kosa lolote zaidi ya hilo.

Walikuwa wamepanga vyumba viwili mjini Salatiga, nchi ya Wajava, nyuma ya karakana ya pikipiki. Jatmiko alikuwa fundi wa tanuru kwenye kiwanda cha vigae. Kinasih alikuwa mpiga kinanda wa harusini. Walijuana mtandaoni, kwenye kundi la muziki mweusi, na humo kundini Kinasih alikuwa mtu mkubwa. Vijana wa Manila na Hanoi walimwita dada, wakampelekea kazi zao awasahihishie. Jatmiko aliitwa mume wa Kinasih. Akipandisha kazi yake, hakosi mtu wa kuandika, "Hii kakusaidia mama watoto?" Naye alicheka kuliko wote, na hawakuwa hata na watoto.

Safari hii walikuwa wanatengeneza kazi moja kwa pamoja, ya nota milioni arobaini. Kinasih anatunga vipande, Jatmiko anavitunga vyake na kuviunganisha vyote. Kazi kama hiyo haisikilizwi wakati wa kuitengeneza. Ukithubutu kuipiga, kompyuta inakwama na kunuka waya. Unafanya kwa macho tu. Sauti huja mwisho kabisa, kompyuta ikishaipika kwa saa nyingi, kwa hiyo mtu anaweza kukaa na kazi yake miezi mitatu bila kujua inasema nini.

Na kwa kuwa nota huonekana kwenye kioo zikishuka kama mvua ya rangi, mafundi wa muziki huo wana desturi ya kuzipanga zichore picha: ua, uso wa paka, jina la mchumba. Ni Jatmiko aliyeomba.

"Mwaka wetu wa tatu huu, Dik. Mwanzoni mwa kipande chako chora jina lako. Jina, siku yako ya kuzaliwa, na jina la mama chini yake. Dunia nzima ijue ni wewe."

"Siku yangu ya nini tena?"

"Ipendeze."

Kwa Wajava siku ya kuzaliwa haitupwi tupwi. Siku saba za wiki zinaunganishwa na siku tano za soko, na mtu akiijua yako akaitia pamoja na jina lako au la aliyekuzaa, anaweza kukufanyia ya kukufanyia. Watu huificha mbele ya wenye husuda. Lakini nani anamficha mumewe? Kinasih alichora siku tatu, nota elfu kumi na moja, mstari juu ya mstari: KINASIH. IJUMAA KLIWON. SUMIRAH. Alipomaliza mgongo ulimuuma, akajiona kafanya jambo zuri sana.

Nota iliyozidi aliikuta kesho yake.

Aliitafuta mpaka akaipata. Ilikuwa kwenye kitufe cha chini kabisa, kile ambacho hata kinanda cha kweli hakina, na nguvu yake ya sauti ilikuwa moja kati ya mia moja na ishirini na saba. Nota bubu. Ipo, inahesabiwa, haisikiki. Kundini nota bubu ni aibu, ndiyo njia ya wezi ya kuvimbisha idadi. Kinasih akaifuta kwa hasira. Jumatano zikawa mbili. Alhamisi zikawa tisa, na safari hii hazikukubali kufutika.

Jumamosi alikuwa na harusi.

Mwimbaji wake alikuwa Yu Ropiah, mwanamke mnene mwenye sauti ya kuamsha wafu na moyo wa dhahabu. Wimbo wa kwanza ulipoanza Kinasih akaona besi haipo. Akaongeza. Haipo. Akaongeza tena. Aliwaona wazee wa mstari wa mbele wakishika vikombe vyao visianguke, akadhani ni upepo, akaongeza mpaka mwisho.

Yu Ropiah alimjia mbio, kipaza sauti mkononi. "Sih! Unataka kuwabomolea watu nyumba? Bibi harusi ameziba masikio!"

"Besi haitoki, Yu."

"Haitoki? Matumbo yananicheza humu ndani, unasema haitoki?"

Kinasih akaweka kiganja chake juu ya spika. Ilikuwa inatetemeka mpaka mfupa wa kiwiko ukamwasha, na yeye hasikii kitu. Alipiga nyimbo kumi na mbili zilizobaki kwa mazoea ya vidole tu, akitabasamu.

Kuanzia hapo sauti zilimtoka moja moja kutoka chini kwenda juu. Ngoma kubwa ya msikiti, ile inayotangulia adhana, ilitoweka. Akawa anaona watu wakienda kuswali ndipo anajua. Jokofu likanyamaza. Pikipiki za karakana, zilizomsumbua miaka mitatu, zikawa zinalia nyembamba kama mbu. Daktari alimulika masikio yote mawili, akasema ni safi, apumzike. Lakini Kinasih alikuwa ameshaona jambo ambalo hakumwambia daktari, maana angelisemaje? Kila asubuhi nota bubu zilikuwa zimeongezeka na kupanda kitufe kimoja. Na kitufe kile zilipofika, sauti ya kitufe hicho ndiyo iliyokuwa imepotea duniani. Vitufe vyote ni mia moja na ishirini na nane. Alikuwa amepoteza thelathini.

"Mas, mimi nakuwa kiziwi," alimwambia mumewe mezani.

"Uchovu tu, Dik."

"Hata wewe nakusikia nusu. Sauti yako kama inatoka ndani ya kopo."

Jatmiko alishusha macho kwenye sahani yake. "Tumalizie kazi kwanza," akasema. "Ukishamaliza utapumzika." Kisha akaendelea kula, akaongeza pilipili, akasifu mchuzi.

Jumatatu ya wiki iliyofuata mvua ilinyesha tangu asubuhi. Saa sita mchana Kinasih alikuwa mbele ya kompyuta, mlango umerudishiwa, aliposikia harufu ya muhogo wa kuchoma. Ilikuwa nzuri kabisa, muhogo ulioiva kwenye makaa na kuungua kidogo ganda, na akajiuliza ni nani jirani anayechoma muhogo kwenye mvua hii. Kisha kioo cha kompyuta kikaingia giza, kama kinavyofanya kikikaa bila kuguswa, na ndani ya giza lile akamwona Jatmiko ameketi kitandani nyuma yake.

"Mbona umerudi mapema, Mas? Wamewafungia?"

Kinasih akaelekeza kidole ukutani, macho bado kwenye kioo.

"Umelowa? Chukua taulo hapo."

Alikuwa amekaa ameweka mikono juu ya magoti, shati la kiwandani, nywele zile zile, kichwa kimeinama kidogo kama mtu anayesikiliza wimbo anaoujua, na Kinasih alitaka kugeuka lakini shingo ikakataa, kwa sababu alikuwa ameona kwamba kitanda hakikubonyea, godoro lao la sponji lililokuwa linazama hata ukiweka mkoba, na huyu mtu mzima amekalia na shuka halijakunjika hata kidogo. Hapo simu ikatetemeka mezani. Ilikuwa namba ya Jatmiko. Akaipokea bila kuondoa macho kwenye kioo, na sauti ya mumewe, ile iliyokuwa imebaki nusu, ikamwambia kwamba leo atachelewa, tanuru la pili limeharibika, asimsubiri kula, na nyuma ya sauti hiyo mitambo ya kiwanda inalia na mtu anamwita Jat, Jat, leta spana, huku ndani ya kioo yule aliyekaa kitandani anainua uso taratibu, na uso ni wa Jatmiko, na mdomo unatembea pamoja na maneno ya simuni, neno kwa neno, tanuru, kula, spana, bila kutoa sauti yoyote ile, na harufu ya muhogo ikamjaa puani.

"Dik? Upo?"

"Nipo," Kinasih alinong'ona. "Mas, uko wapi?"

"Si nimekwambia kazini? Una nini wewe?"

Kwenye kioo yule akatabasamu. Kinasih akapata nguvu asizojua zimetoka wapi, akaruka, akatoka mvuani pekupeku, na wale mafundi wa pikipiki wakamkuta amesimama katikati ya karakana, mkono mmoja ameshika simu, mwingine ameziba pua. Wakampa kiti na chai ya moto. Mmoja akaenda kuchungulia chumbani. Akarudi akisema hakuna mtu, ila kuna harufu nzuri, shemeji anachoma muhogo?

Hakuna Mjava asiyejua maana ya harufu ile mahali pasipo na muhogo. Ni jini la miti mikubwa na chemchemi, lenye tabia ya kuvaa sura ya mume wa mtu. Fundi mzee aliyekuwa anaziba tairi aliinuka, akanawa mikono, akaanza kusoma Ayatul Kursiyu chini chini.

Jioni Jatmiko aliposimuliwa alikasirika. Alisema ni ndoto, ni njaa, ni hiyo kompyuta. Kinasih alimtazama akisema yote hayo, akaona jambo moja dogo: hakushangaa.

Aliyemfungua macho alikuwa Teoh wa Penang, ambaye kundini kazi yake ni kuhakiki idadi. Kinasih alimpelekea kipande chake aone kama programu imeharibika. Jibu lilikuja kesho yake saa nne asubuhi, kwa maandishi.

"Dada, una nota bubu milioni moja na zaidi. Sikutegemea wewe."

"Sikuziweka mimi, Teoh. Haki ya Mungu."

"Basi nani? Zimepangwa vizuri mno. Si takataka, dada. Zimepangwa kama sauti ya mtu. Zipandishe nguvu uzisikilize."

Mchezo huo wanaujua wote. Nota zikibanana vya kutosha, kinanda hutamka. Kuna vijana wamekifanya kisome magazeti. Kinasih akaenda kwenye kompyuta ya jirani yake mwalimu, maana chumbani kwake hakukanyaga tena peke yake. Akazitoa nota bubu peke yake, akazipandisha nguvu hadi mwisho, akavaa vifaa vya masikioni na kubonyeza.

Kwanza alisikia ngoma ya msikiti. Machozi yakamtoka papo hapo, alikuwa ameikosa majuma matatu. Kisha jokofu lake. Kisha pikipiki za karakana, nzito, zenye mngurumo wake wote. Kisha besi ya harusi ile, na Yu Ropiah akicheka kutoka tumboni. Kila sauti aliyoporwa ilikuwa mle ndani imepangwa moja baada ya nyingine, kwa utaratibu, kama nguo za marehemu zilizokunjwa kabatini. Alisikiliza amejikumbatia. Na mwisho kabisa, kwenye nota zile tisa za mwanzo na nyingine zilizojijenga juu yake, ikaja sauti ya mwanamume, ya chini, yenye haraka kidogo, sauti aliyoijua kuliko yake mwenyewe.

"Nakupa Kinasih, wa Ijumaa Kliwon, mtoto wa Sumirah. Jina lake ameliandika mwenyewe kwa mkono usiojua. Chukua chako, nipe changu."

Aliirudia mara tatu. Si kwamba hakusikia vizuri. Ni kwamba kila mara alitumaini itakuwa sauti ya mtu mwingine.

Hakupiga kelele wala kuvunja kitu. Alivua vifaa vya masikioni, akaviweka mezani polepole, akalihamishia faili simuni, akamshukuru mwalimu, akaenda moja kwa moja mtaa wa pili kwa Nyai Muslihah.

Nyai alikuwa anafundisha wanawake Kurani na alikuwa na mzaha kwa kila mtu, hata kwa majini. Lakini Kinasih alipomaliza kusimulia, Nyai aliweka chini kipande cha dodo alichokuwa anamenya.

"Kwa hiyo hujaingiliwa, Nduk, mwanangu. Umetolewa."

"Ndiyo, Nyai."

"Aliyeingiliwa namsomea, linatoka. Aliyetolewa, lazima mtoaji arudishe kauli yake na afute hati iliyoandikwa. Mwite huyo bwana. Mwambie nina dodo tamu."

Jatmiko alikuja baada ya alasiri na nguo za kazini. Kumkuta mkewe na Nyai na lile faili kwenye simu kulimtosha. Hakubisha sana. Aliketi kwenye mkeka, akaanza kulia kabla hajaulizwa, na Kinasih akaona jinsi machozi yalivyomfaa usoni, na moyo ukamuuma upya.

"Nilikwenda kwenye chemchemi kule mlimani," alisema. "Kuna mzee pale. Nilichoka kuitwa mume wa Kinasih. Nilitaka mara moja tu, kazi moja, watu waseme Jatmiko."

"Ungeniambia," Kinasih alisema. "Ningekuandikia kazi nzima niweke jina lako. Ulijua ningefanya hivyo."

"Ndiyo maana sikutaka."

"Ukanitoa mimi."

"Sikujua litachukua masikio, Dik! Mzee alisema litachukua kitu kidogo tu."

"Kitu kidogo cha nani, Mas?"

Jatmiko akajifuta pua kwa mkono wa shati. Nyai alileta kompyuta ya madrasa, akamwamuru afungue kazi, na akakaa karibu yake kama anayemsimamia mtoto akitahiniwa.

"Tamka kwamba unairudisha kauli yako. Kisha futa jina."

"Jina la Kinasih tu, Nyai?"

"La uliyemtoa. Na siku yake."

Akatamka. Akafuta. Nota za KINASIH ziliondoka safu kwa safu, kisha IJUMAA KLIWON, huku Nyai anasoma juu ya beseni la maji na harufu ya muhogo wa kuchoma ikajaa nyumba nzima, nene mpaka wanafunzi waliokuwa uani wakakimbia, ikawa muhogo unaoungua, ikawa nywele zinazoungua, na ukuta wa mbao upande wa magharibi ukagongwa mara moja kwa ndani kama mtu mzito ameupiga bega akitoka. Maji ya beseni yalikuwa yamegeuka rangi ya mchuzi. Nyai akayamwaga kwenye mtaro kwa mkono wake mwenyewe, akitukana kidogo.

Kisha, kutoka upande wa msikiti, Kinasih akasikia kitu kizito, cha mbali. Ngoma ya magharibi ilikuwa inapigwa. Akaanguka kwenye paja la Nyai, akalia kama mtoto.

Kwa mumewe hakurudi. Alikaa kwa Nyai siku tisa, anasomewa kila alasiri, na kila siku sauti nyingine ikawa inarejea. Jatmiko alituma ujumbe mwingi wa kuomba radhi. Ulikuwa mtamu, na Kinasih aliusoma wote asijibu hata mmoja.

Siku ya kumi kazi ilipandishwa mtandaoni.

Teoh ndiye aliyempelekea. Nota milioni arobaini na moja, na kompyuta yao ile kuukuu, iliyokuwa ikikwama kwenye milioni tano, ilikuwa imeipika bila kukoroma. Kundi lote liliripuka. Watu walisema haijapata kutokea. Waliipakua kwa maelfu kabla ya adhuhuri. Na kwenye kichwa cha kazi, pale yanapoandikwa majina ya wote, palikuwa na jina moja: Jatmiko.

"Dada, jina lako lipo wapi?" Teoh aliuliza. "Robo ya kazi ni mkono wako. Naujua."

Kinasih alicheka, kicheko kibaya. Akadhani hapo ndipo mwisho wa uovu wa mtu huyo, kumwibia jina. Aliona hata ni afadhali, jina liwe bei ya kuachana naye. Hakutaka kuitazama ile kazi. Alikusanya nguo zake na kinanda chake, akambusu Nyai mikono, akapanda basi kwenda Wonosobo kwa mama yake.

Mama Sumirah alikuwa mjane wa miaka sitini, muuza tempe za kukaanga, anayeongea na jiko lake kama mtu. Alimpokea bintiye kwa mikono yenye unga, akamtazama usoni, hakuuliza. Alimketisha kwenye meza ya jikoni, akamwekea chai na sahani ya tempe za moto.

"Kula kwanza, Nduk. Umekonda. Mambo ya ndoa yatazungumzwa ukishashiba."

"Hayapo tena ya kuzungumza, Mama."

"Sema kwa sauti basi, unanong'ona nini? Nasema, usiwe mwepesi wa kuacha. Jatmiko ni mkwe mwema."

"Mama humjui."

"Namjua sana. Wiki iliyopita si kanipigia simu? Kaniuliza siku yangu ya kuzaliwa, anataka kunifanyia dua ya uzima. Mkwe gani siku hizi anamkumbuka mama mkwe? Nikamwambia, Jumanne Wage. Na jana mchana kaja mwenyewe, njia yote hiyo. Alikaa pale kwenye kiti chako, mikono magotini. Nikamsemesha, kimya. Nikajua ana aibu, mmegombana. Nilipotoka kumletea chai nikakuta keshaondoka."

Kinasih aliweka chini tempe aliyokuwa amekwisha kuiuma. Akatoa simu. Akaandika jina la kazi. Mvua ya nota ikaanza kushuka kwenye kioo kidogo, akaisogeza mbele, akaisimamisha mwanzoni mwa kipande chake. Pale alipokuwa amechora KINASIH palikuwa tupu. Chini yake, herufi kwa herufi, kwa mkono wake mwenyewe usiojua, nota kwa nota kama alivyozipanga kwa upendo siku zile tatu, lilibaki SUMIRAH. Na chini ya hilo, kwa mkono mwingine, wa haraka, mstari mpya: JUMANNE WAGE. Waliokwisha kuipakua walikuwa elfu kumi na moja, kila mmoja na nakala yake ya hati ile, kila mmoja katika nchi yake.

"Mama," alisema, "Mama, tuondoke. Sasa hivi. Twende Salatiga kwa Nyai Muslihah."

"Eh? Nani?"

"Nyai Muslihah!"

"Basi usipige kelele, nakusikia." Mama Sumirah alijifuta unga kwenye kanga, akaelekeza sikio dirishani, akatikisa kichwa kwa masikitiko. "Na hawa wa mashine ya kukoboa mpunga nao wana nini? Tangu asubuhi hawajawasha. Sijui wamefiwa."

Nyuma ya ukuta mashine ya jirani ilikuwa inanguruma bila kupumzika, na chai ya Kinasih ilikuwa inatikisika ndani ya glasi.